Lango la Magharibi

Tarehe 3 Machi

Mume wangu Koleo,

Najua utashangaa kupata barua wakati jana tu tumeongea. Lakini ni wewe uliyesema siku unaondoka: simu ni ya umekula, umelala, umeme umerudi, yale ya moyoni tuandikiane, maana kwenye simu tukianza tu tunagombana. Basi hii ni ya moyoni.

Kwanza habari njema. Fundi mwenzangu amekubali kubaki na duka. Cherehani, meza ya kukatia, wateja wa sare za shule, vyote anachukua yeye, na mwisho wa mwezi ujao mimi nafunga virago nakuja kwako. Mwaka mzima wa kulala peke yangu unatosha. Sanduku nimeshalishusha juu ya kabati, limekaa katikati ya chumba, kila nikipita najikwaa nacheka mwenyewe. Shati lako la kijani ninalokushonea limebaki kutiwa vifungo tu.

Pili. Huyu Nyuki ni nani?

Nauliza kwa upole. Wiki nzima kwenye kundi letu la mchezo wa Ngome Saba ni Nyuki, Nyuki. Nyuki katengeneza sasisho, Nyuki kaufanya mchezo ufunguke kwenye kompyuta mpya, Nyuki karudisha watu waliotukimbia. Sawa, mchezo wetu umezeeka, sikatai. Waliouunda walishautupa, na sisi tuliobaki tungeenea wote dukani kwa Kinyozi na viti vikabaki. Lakini mimi nilishauzoea uzee wake. Hii kompyuta yangu ya pembeni ya cherehani inaunguruma, inapata joto, lakini mchezo inaufungua. Hilo sasisho nimejaribu kuliweka, imelikataa katakata.

Kilichonishangaza ni wewe. Mtu usiyeandika kwenye kundi hata pole, juzi umeandika mistari na mistari: "Hongera Nyuki, mikono yako ibarikiwe." Mikono yake umeionea wapi?

Jumapili tunacheza kama kawaida, baada ya chakula cha mchana. Usichelewe kulinda mashamba yangu.

Mkeo,
Sindano

*

Tarehe 11 Machi

Mke wangu mpenzi,

Barua imefika inanukia mafuta ya cherehani. Nimeinusa mpaka mwenzangu wa zamu kanicheka. Kitanda nimeshakisogeza, pale dirishani patakuwa pa cherehani yako ndogo, mwanga upo mpaka jioni.

Ah, Nyuki! Huwezi kuamini. Ni dada wa maabara, hapahapa hospitalini. Mimi na mashine zangu za eksirei tuko mlango huu, yeye mlango wa pili. Nilikuwa kantini nalalamika kwamba laptopu mpya niliyopewa kazini haitaki kufungua Ngome Saba, akageuka na kikombe chake: "Kumbe na wewe unacheza?" Miaka yote tumepigana naye vita bila kujuana sura! Nilibaki mdomo wazi.

Kosa lenyewe lilikuwa hivi. Mchezo ule ulishonwa kwa kipimo cha kompyuta za zamani, na hizi mpya zina mbio, basi ukifungua tu unachanika. Yeye ameupanua kidogo hapa na pale, kama wewe unavyoipanua sare ya mwaka jana mtoto akirefuka. Nyuki amesema wenye toleo la zamani na wenye jipya tutacheza pamoja bila shida, amejaribu mwenyewe. Nyuki amesema pia kompyuta yako usiiguse, iache ilivyo.

Jingine: kwa kuwa watu wamerudi wengi, Kinyozi ametangaza kwamba Kombe la mwaka huu ni watatu watatu. Nimemwandikisha Nyuki awe wa tatu wetu. Najua utampenda. Anacheka kama wewe.

Wako,
Koleo

*

Tarehe 18 Machi

Koleo,

Anacheka kama mimi. Haya bwana.

Nimeihesabu "Nyuki amesema" kwenye barua yako nikaacha, nikaona nitaungua na pasi. Kipimo cha kitambaa ninakijua, asante, huna haja ya kunishonea sare kwenye barua ili nimwelewe mwanamke mwingine.

Nikukumbushe kitu. Tangu ukumbi ule wa kompyuta, ulipokuwa unakuja na viatu vyenye grisi unakaa kiti cha nyuma yangu ili uibe ninavyojenga, Kombe tumecheza wawili. Mimi najenga, wewe unalinda. Wewe unalinda wapi?

Lango langu la magharibi. Hata nikiamshwa usingizini nitalitaja. Watu walitutania kwamba hata posa uliileta kwa kupitia lango la magharibi. Leo tumekuwa watatu, na hukuniuliza, umeniarifu.

Huku kwenyewe kundi linawaka moto. Mwalimu mstaafu amejitoa kwa hasira, anasema mchezo uliotiwa kiraka siyo ule alioapa kuufia. Vijana wa sasisho wanatuita makumbusho. Kinyozi anajaribu kupatanisha huku na mkasi mkononi. Juzi kamkata mteja nywele upande mmoja, akageukia simu kujibu matusi.

Kombe nitacheza. Ngome ya Nyuki iwe ng'ambo ya mto, mbali na yangu. Wewe kaa pale unapokaa siku zote. Na uniambie, nauliza tu: ana mume?

Sindano

*

Tarehe 8 Aprili

Koleo,

Simu zako nimeziona. Sipokei na sitapokea.

Nakuandikia nilichokiona siku ya Kombe kwa macho yangu haya mawili, ili usije ukasema nimesikia kwa watu.

Kinyozi na wenzake walishuka kutoka kilimani kama nilivyojua watashuka. Nikakuita. Ukajibu, "Nakuja, mke wangu." Nikaona jeshi lako linatoka, bendera yako ya kijani, nikasema roho yangu tulia, anakuja. Vumbi la adui likawa karibu, nikafunga lango, maana ndivyo tunavyofanya siku zote: wewe ndani, mimi nafunga. Kumbe hukuwa ndani. Jeshi lako limefika ukutani kwangu, likasimama, likageuka. Likageuka, Koleo! Likashika daraja, likavuka mto wote kabisa, likaenda kupanga mstari mbele ya ngome ya Nyuki. Pale ambapo hapakuwa na adui hata mmoja. Ulikwenda kumlinda na nini, na jua?

Mimi nimeungua ndani ya kuta zangu. Nilikuandikia, "Uko wapi?" Ukajibu, "Niko na wewe." Hilo ndilo lililonimaliza. Ungenyamaza ningekusamehe.

Na jioni ukaandika kwenye kundi, "Tumeshinda, hongera Nyuki." Tumeshinda! Kinyozi huku anasherehekea Kombe ni lao, nyinyi huko mnasherehekea ni lenu, watu wanaitana waongo. Mimi sina haja na Kombe. Bakuli la plastiki lile.

Utasema ni mchezo tu. Mtu akikuacha kwenye mchezo ambapo kukaa hakumgharimu kitu, kwenye maisha atakaa?

Nimemwambia fundi mwenzangu siondoki. Nguo nimezirudisha kabatini. Shati nimelitoa vifungo, nimevitia kwenye kopo na vingine.

Sindano

*

Tarehe 14 Aprili

Mke wangu,

Barua yako nimeisoma mara nyingi, kila mara nadhani nimeruka mstari.

Mimi sikuvuka mto. Sikuligusa daraja. Niliingia kwenye lango lako la magharibi, ukalifunga nyuma yangu, na nikapigana pale mpaka askari wangu wa mwisho kaanguka. Nilifia mlangoni pako. Nyuki ndiye aliyebaki, akamaliza vita peke yake, ndiyo nikamwandikia hongera. Ulipouliza uko wapi nilikuwa nimesimama karibu na kisima chako. Nilidhani unatania.

Sasa unaniambia mimi ni mwongo. Nimekuwa na makosa yangu, natupa taulo kitandani, nasahau siku ya kuzaliwa ya mama yako, lakini uongo wa namna hiyo umeniona nao lini? Na wewe ulichokiona kama umekitunga ili usije, niambie hivyo. Sema "sitaki kuja." Nitalia, lakini nitaelewa.

Kuna jambo nililiona na mimi siku ile. Sitalisema. Nilikwishaamua kutolisema, na sitalisema kwa hasira.

Kitanda bado kiko pale nilipokisogeza.

Koleo

*

Tarehe 19 Aprili

Kwako Nyuki, Maabara,

Mimi ni Sindano, mke wa Koleo wa eksirei. Mke wa ndoa.

Sikuandikii kugombana. Sina umri huo wala muda huo, shule zinafunguliwa na sare hazijaisha. Nina swali moja tu, unijibu kama mwanamke kwa mwanamke. Siku ya Kombe, jeshi la mume wangu lilisimama wapi? Ulikuwepo. Usiniambie alivyokuomba useme. Na kama lilisimama kwako, uniambie pia lilianza lini kusimama kwako, kabla ya siku ile.

Sindano

*

Tarehe 24 Aprili

Dada yangu, shikamoo.

Barua yako nimeipata. Nimejibu nikiwa nimeshahakikisha, ndiyo maana nimekawia.

Jeshi lake lilisimama langoni kwako. Na pia lilisimama kwangu. Usiichane barua, nisikilize.

Mchezo wetu ni wa zamani, na hautumiani picha. Ukitoa amri, kinachosafiri ni amri yenyewe tu, "askari wa Koleo, nendeni lango la magharibi," na kila kompyuta inapiga hesabu zake yenyewe wamefika wapi. Miaka yote hesabu zilikuwa sawa, kwa hiyo wote tuliona vita vilevile. Sasisho langu limewafanya askari kwenye kompyuta mpya watembee upesi kidogo. Kidogo tu. Nilipojaribu mchezo mfupi sikuona tofauti, nikawatangazia wote kwamba hakuna shida. Kombe ni refu, dada. Ile tofauti ikakua, na mchezo haukumwambia mtu.

Ulipotoa amri ya kufunga lango, kwangu na kwa kaka Koleo askari wake walikuwa wameshaingia. Wamefungiwa ndani na wewe na wamekufa na wewe. Kwako walikuwa bado njiani. Walipofika wakakuta pamefungwa, na unawajua askari wa Ngome Saba walivyo mabwege: njia ikifungwa wanatafuta nyingine. Iliyobaki ilikuwa daraja la kuja kwangu.

Nimemwomba Kinyozi kumbukumbu ya mchezo wake, maana na yeye ana toleo la zamani kama wewe. Nimeiweka sambamba na yangu. Mwanzo ni vita vimoja. Kuanzia mtoni ni viwili. Hakuna aliyedanganya kwenye kundi zima, mwongo ni mimi niliyesema nimejaribu. Sasisho nimelitoa. Nimemwandikia pia Mwalimu mstaafu kumwomba radhi, amenijibu neno moja, "Nilijua."

Kuna la pili, na sijui kama nina haki nalo. Ulirusha mishale ya moto pale kwenye ghala la nafaka la kaka Koleo. Kwako palikuwa na adui waliolizingira. Kwetu hapakuwa na adui, palikuwa na ghala lake na watu wake, na adui walipita pembeni yako bila kuguswa. Yeye aliona ukimchoma. Mimi niliona pia, nikamwandikia, "Mkeo amekugeuka, ondoka hapo." Hakunijibu. Kesho yake kantini nikamuuliza, akasema nimeona vibaya. Sikuona vibaya, na yeye alijua.

Umeuliza kama mwanamke kwa mwanamke, nami nijibu hivyo. Hapa kazini tumechoka, ni "mke wangu amesema" asubuhi mpaka jioni. Mke wangu amesema chai isichemshwe mara mbili. Mke wangu amesema koti jeupe lisianikwe juani. Nilikuonea kijicho kabla sijakujua, kwa sababu hakuna anayenitaja mimi hivyo popote. Ni hicho tu kilichokuwepo baina yetu watatu, na kilikuwa changu.

Wifi yako, ukikubali niitwe hivyo,
Nyuki

*

Tarehe 28 Aprili

Koleo,

Nyuki amenieleza ya mtoni na ya lango. Nimeelewa. Sasa niambie wewe mwenyewe, kwa mkono wako: siku ile mimi ulinionaje?

Sindano

*

Tarehe 3 Mei

Mke wangu,

Basi nitasema, maana umeniuliza bila hasira.

Nilikuona unachoma ghala langu. Nikadhani mkono umeteleza. Ukarusha tena. Halafu watu wa Kinyozi wakapita chini ya ukuta wako, karibu kabisa, na hukuwarushia hata jiwe. Nikasema, kwisha. Hawa wamekubaliana.

Unajua wivu wangu, Sindano, hauna kelele kama wako. Wangu unakaa tumboni. Nikaanza kukumbuka: Kinyozi duka lake linatazamana na lako. Kinyozi kila siku kwenye kundi, "Sindano hana mpinzani." Kinyozi alikutengenezea bawaba za mlango mimi nilipokuwa huku. Mwaka mzima niko mbali, na mtu yuko hatua chache. Nikaona mke wangu anaungua na mimi huku akipeana ishara na mwenye mkasi. Hapohapo ukaniandikia, "Uko wapi?" Nilitaka kujibu tusi. Vidole vikaandika, "Niko na wewe."

Usinisifu kwa kubaki. Sikubaki kwa wema. Nilibaki kwa sababu niliona nikitoka pale mlangoni nitakuwa nimekubali kwamba ni kweli. Nikaona bora nifie pale nikiwa sijui.

Na nilinyamaza kwa woga. Nilisema nisipouliza, utakuja mwisho wa mwezi na sanduku lako, na mimi nitajifanya sikuona. Ningeishi nalo hivyo. Barua yako ya kuniita msaliti ilipofika, wallahi, sikujua nicheke au nivunje kitu. Nikasema, kanichoma yeye, na kununa kanuna yeye.

Sasa najua hukunichoma. Laptopu imefungwa, siigusi. Ngome Saba haifunguki tena humu, na Nyuki hataki hata kusikia neno sasisho.

Koleo

*

Tarehe 8 Mei

Mume wangu,

Barua yako nimeanza kuisoma nimesimama, nimemalizia nimekaa sakafuni nimeegemea kabati.

Kwanza tumalize la Kinyozi. Kinyozi, jamani! Mtu mwenyewe ananiita shangazi. Bawaba alizitengeneza kwa sababu mlango ulikuwa unamgonga mkewe akija kupima nguo. Nimecheka mpaka fundi mwenzangu kaja kuchungulia, kisha nikaona aibu kwa kicheko chenyewe, maana kilikuwa na furaha ndani yake. Nimefurahi kwamba na wewe uliumia. Nisamehe, ndivyo nilivyo.

Sasa lile lingine. Tuliona kitu kimoja, mimi na wewe. Mimi niliona umeniacha, wewe uliona nimekuacha. Mimi siku hiyohiyo nikarudisha nguo kabatini na kukata vifungo vya shati lako. Wewe ukabaki mlangoni. Usije ukaniambia tumelingana ili kunituliza. Unasema ni woga, sawa, lakini woga wangu mimi ulifunga lango na kuzima simu. Nimemwaga kopo lote la vifungo mezani nikitafuta vya kijani. Vimechanganyika na vya sare za watoto, nimevipata vyote isipokuwa kimoja, nimeweka cha buluu chini kabisa, utachomekea.

Fundi mwenzangu nimemrudia kichwa chini. Amenisema, nami nilistahili, kisha akachukua funguo. Kompyuta yangu nimemwachia Mwalimu mstaafu. Amerudi kundini na Kinyozi amempa nafasi ya heshima. Wenye toleo la zamani wamebaki wachache kuliko mwanzo, lakini wanaona vita vimoja. Sanduku limefungwa. Nafika Alhamisi na basi la asubuhi.

Huyo Nyuki mwalike chakula Jumapili. Nimekubali kuwa wifi, lakini kwanza nimsikie anavyocheka, na wewe ukae upande wangu wa meza.

Mimi kucheza na wewe kwa mbali nimekoma. Mwambie wifi autengeneze upya polepole, bila haraka ya kusifiwa na mtu. Ukifunguka tutakaa mbele ya hiyo laptopu moja, kiti kwa kiti, na kabla sijafunga lango nitageuka nikuulize kama umeshaingia.

Mkeo,
Sindano